Sentimita Tano za Maji

Chini ya sinki la jikoni kuna kipande cha bomba kilichopinda ambacho wenye nyumba wengi hukikumbuka siku kinapovuja, au siku pete inapotumbukia. Na kwa kuwa pete na vijiko vya chai hukutwa humo, watu wamejiridhisha kwamba kilipindwa makusudi ili kunasa vitu. Wako pia wanaodhani nafasi ilikuwa finyu, fundi akaona apindishe tu. Kumbe kipo ili kubaki na maji. Ukimaliza kuosha vyombo, maji ya mwisho hayaendi na wenzake. Husimama tumboni mwa bomba, kina cha sentimita tano na zaidi kidogo, yakiziba njia yote mpaka utakapofungua koki tena. Mafundi bomba wengi hukiita kipande hicho trapu, nami nitawafuata.

Ng'ambo ya maji hayo kuna bomba tupu linaloteremka hadi kwenye chemba, na kutoka chemba hadi karoni au kwenye bomba kuu la majitaka la mji. Huko, mabaki ya chakula, mafuta, sabuni na kinyesi huozeshwa na bakteria wasiohitaji oksijeni. Kazi yao huzaa gesi: methani, isiyonuka lakini inayoshika moto, amonia, na haidrojeni salfaidi, yenye harufu ya mayai viza. Hii ya mwisho ina hila. Pua huinasa hata ikiwa chembe tu hewani, lakini ikifikia sehemu 100 hivi katika kila sehemu milioni za hewa, uwezo wa kunusa hufa ganzi na mtu hudhani gesi imeondoka. Ndiyo sababu moja ya vifo vya vibarua wanaoshuka kwenye mashimo ya majitaka bila vifaa, na mara nyingi anayeshuka kumwokoa mwenzake hubaki naye. Jikoni mambo hayafiki huko. Jikoni hufika ile harufu ya alfajiri, kabla madirisha hayajafunguliwa, ambayo watu huimwagia dawa za kunukia juma baada ya juma, wakati kinachokosekana ni glasi moja ya maji mahali pake.

Maji machache namna hiyo yanawezaje kuzuia hewa ya bomba la mtaa mzima? Hewa iliyotuzunguka hutukandamiza kwa paskali 101,000 hivi usawa wa bahari. Maji ya kina cha sentimita tano hukandamiza kwa paskali 490 tu, yaani karibu sehemu moja ya 200 ya nguvu hiyo. Hewa ingekuwa inasukuma upande mmoja peke yake, trapu isingedumu hata kwa sekunde. Lakini inasukuma kutoka jikoni na inasukuma vilevile kutoka ndani ya bomba, na pande hizo zikilingana maji hutulia. Kwa sababu hiyo trapu ileile hufanya kazi Dar es Salaam ufukweni na Nairobi mlimani, ambako kanieneo ya hewa ni pungufu kwa karibu asilimia 18. Kinachoyashinda maji ni tofauti kati ya pande mbili, na hapo ndipo udhaifu wake ulipo, kwa kuwa tofauti ya paskali 500 ni ndogo mno. Mtoto anayenyonya soda kwa mrija huizidi mara kadhaa.

Aliyekipa kifaa hiki hati ya ugunduzi alikuwa mtu wa kupima hewa. Alexander Cumming, fundi saa wa Uskoti aliyefanya kazi London, alimtengenezea Mfalme George III saa ya ajabu iliyokamilika mwaka 1765: pamoja na kuonyesha wakati, ilichora yenyewe kwenye karatasi jinsi kanieneo ya hewa inavyopanda na kushuka. Miaka kumi baadaye, 1775, alisajili choo cha kuvuta maji ambacho bomba lake lilipinda kama herufi S na kubaki na maji katika kona. Kabla yake, mwaka 1596, John Harington, aliyekuwa mtoto wa ubatizo wa Malkia Elizabeth I, alikwisha eleza choo cha kuvuta maji, lakini bila kona hiyo. Kilichoshuka kilishuka, na harufu yake ikapanda. Choo cha Cumming kilikuwa pia na vali ya kuteleza iliyosumbua, na mwaka 1778 Joseph Bramah akaleta iliyo bora. Vali hizo leo ni za makumbusho. Kona ndiyo iliyobaki majumbani.

Ajabu ni kwamba kona hiyo ilienea duniani kwa hoja ambayo haikuwa sahihi. Karne ya 19 wasomi wa Ulaya waliamini kuwa harufu mbaya yenyewe ndiyo ugonjwa. Kiangazi cha 1858 mto Thames ulinuka hata mapazia ya Bunge la Uingereza yakalowekwa dawa ya chokaa ili wabunge waweze kukaa. Daktari John Snow alikwisha onyesha mwaka 1854 kwamba kipindupindu cha mtaa wa Soho kilitoka kwenye pampu ya maji ya kunywa, ila wengi hawakumsikiliza. Mwaka 1871 mrithi wa kiti cha enzi, Edward, aliugua taifodi akakaribia kufa baada ya kulala katika jumba moja huko Scarborough. Mgeni mwenzake, mwenye cheo cha Earl wa Chesterfield, alikufa. Lawama zikaangukia mabomba ya majitaka ya jumba lile, na matajiri wakaanza kuwaita mafundi wakague ya kwao. Kisha bakteria wakagunduliwa, ikajulikana kuwa taifodi na kipindupindu hupita katika maji na chakula, na hofu ya hewa ya bombani ikageuka kichekesho cha wazee. Trapu ikabaki kwa ajili ya harufu tu.

Kicheko hicho kilikoma mwaka 2003.

Mwezi Machi wa mwaka huo ugonjwa mpya wa mapafu, SARS, ulikuwa umeingia Hong Kong. Tarehe 14 mwanamume mmoja mgonjwa alimtembelea ndugu yake katika jengo E la nyumba za ghorofa za Amoy Gardens, Kowloon, akarudi tena tarehe 19. Alikuwa akiharisha, na alitumia choo. Kufikia katikati ya Aprili wakazi 321 wa makazi hayo walikuwa wameugua. 42 kati ya wagonjwa wa Amoy Gardens walikufa. Kilichowashangaza wachunguzi ni ramani ya ugonjwa. Katika jengo E haukuenea mlango kwa mlango kama mafua ya familia yanavyoenea. Ulipanda na kushuka, ghorofa juu ya ghorofa, ukiwapata hasa waliokaa kwenye safu zilezile za nyumba zilizopangwa wima na kuchangia bomba la kushushia.

Wachunguzi wa serikali na wa Shirika la Afya Duniani wakayafuata mabomba. Kila bafu lilikuwa na tundu la maji sakafuni, na chini ya tundu trapu ya umbo la U, kama inavyotakiwa. Ila wakazi wengi walipiga deki kwa kitambaa chenye unyevu badala ya kumwaga maji, kwa hiyo tundu lile lilikaa majuma mengi bila kupata tone, na maji yaliyokuwa tumboni mwa trapu yakakauka. Halafu mtu anaingia kuoga, anafunga mlango, anawasha feni ya kutolea hewa. Feni inavuta hewa kutoka bafuni kwenda nje, na bafu lililofungwa lazima lipate hewa mbadala kutoka mahali fulani. Mlango umebana, dirisha limefungwa. Tundu la sakafuni liko wazi. Matone madogo yasiyoonekana kutoka bomba la choo cha jirani yakavutwa ndani. Hayo ndiyo maelezo waliyoyaona yanaoana zaidi na ushahidi. Tangu hapo mamlaka ya Hong Kong huwakumbusha wakazi kumwaga nusu lita ya maji katika kila tundu la sakafuni mara moja kwa wiki, na huko hupendelewa pia mpango wa kuunganisha beseni la kunawia na tundu la sakafuni kwenye trapu moja, ili kila anayenawa mikono ajaze maji bila kukumbushwa. Napenda sana mpango huo wa pili, kwa kuwa hautegemei nidhamu ya mtu.

Swali lililobaki lilikuwa kama vijidudu kweli husafiri na hewa ndani ya mabomba, au Amoy Gardens ilikuwa bahati mbaya isiyojirudia. Mwaka 2017 watafiti wa Chuo Kikuu cha Heriot-Watt, Edinburgh, wakiongozwa na Michael Gormley, walijenga ndani ya maabara mfumo kamili wa majitaka wa ghorofa mbili, wenye mabomba ya ukubwa halisi. Waliweka bakteria wasio na madhara chooni kwenye ghorofa ya chini, wakavuta maji, kisha wakapima hewa ya ghorofa ya juu kupitia trapu isiyo na maji. Bakteria walifika. Maji ya choo yanapoanguka kwa kasi hurusha matone, na mkondo wa hewa ndani ya bomba huyabeba. Wazee wa karne ya 19 walikosea kuhusu taifodi, lakini hofu yao ya hewa ile haikuwa upuuzi mtupu.

Kwa hiyo anayefunga trapu chini ya sinki ajiulize swali moja tangu anapoingia dukani mpaka anapofuta mikono: ni nini kitakachoyaondoa maji haya?

Sinki la jikoni huhitaji trapu ya inchi moja na nusu, yaani milimita 40. La kunawia mikono hutosheka na inchi moja na robo. Angalia kina cha maji yatakayobaki, unachoweza kukipima dukani kwa rula: kuanzia ukingo wa chini ambako maji hutokea, hadi sehemu ya juu ya ndani ya tumbo la chini. Kanuni za Marekani hutaka kati ya sentimita tano na kumi. Mwongozo wa ujenzi wa Uingereza hutaka saba na nusu kwa masinki. Chini ya tano, maji huibwa kirahisi. Zaidi ya kumi, mashapo hayasukumwi nje na tumbo hugeuka shimo la matope. Trapu ya chupa, ile iliyonyooka na yenye kikombe kinachofunguka chini, ni nzuri kwa beseni la kunawia lililo wazi machoni, lakini jikoni mafuta huikamata upesi.

Kufunga kwenyewe hakuhitaji misuli. Weka ndoo chini, vua trapu ya zamani, safisha ncha za bomba, kisha panga nati na washa kwa utaratibu wake, upande mwembamba wa washa ukielekea kwenye kiungo. Kinachozuia maji kuvuja hapa ni washa inayobanwa na nati. Uzi wa nati hauguswi na maji, kwa hiyo ile tepu nyeupe ambayo mafundi wengine huizungusha tabaka kwa tabaka kwenye nati za trapu haina kazi hapo. Wakati mwingine huzuia hata nati isikae sawa. Kaza kwa mkono, halafu ongeza kidogo tu kwa spana. Plastiki iliyokazwa kwa hasira hupasuka baadaye, usiku, wewe ukiwa umelala.

Kazi yenye akili iko kwenye njia ya kutokea. Trapu ya umbo la P hupeleka maji ukutani kwa mlalo; ya umbo la S huyageuza yaanguke moja kwa moja sakafuni. Tofauti hiyo inaonekana ndogo, lakini kanuni za mabomba za Marekani huikataza S kwenye ujenzi mpya, na sababu yake ni fizikia ileile ya mrija wa soda. Sinki lililojaa likifunguliwa, maji hushuka yakiwa yamejaza bomba zima, bila nafasi ya hewa. Mkia wa maji hayo unapoanguka ndani ya bomba la wima, huvuta nyuma yake kila kilichopo, pamoja na maji yaliyopaswa kubaki. Ile sauti ya gulugulu mwishoni mwa maji ni hewa ikipita kwa nguvu katika trapu baada ya maji yake kuvutwa. Watoto huifurahia. Fundi akiisikia anapaswa kurudi chini ya sinki.

Dawa yake ni hewa. Ukitumia P na kuacha bomba la mlalo litembee kwa mteremko mdogo, sentimita mbili kwa kila mita, hewa hubaki juu ya maji na pande mbili hazipishani sana. Mteremko mkali kupita hapo huirudisha S kwa mlango wa nyuma, kwani bomba likishuka chini ya usawa wa maji ya trapu kabla halijapata hewa, uvutaji huanza tena. Katika nyumba nyingi za chini za Tanzania na Kenya, maji ya jikoni hutoka nje na kumwagikia kwenye gali trapu, yaani trapu ya nje iliyo wazi juu. Uwazi huo hulipa bomba hewa, nayo gali trapu hubaki na maji yake dhidi ya gesi ya karo. Wajenzi wengine hutumia hoja hiyo kuliacha sinki na bomba lililonyooka bila trapu yoyote. Harufu ya karo haitapita, ni kweli, lakini utando wa mafuta ndani ya bomba lenyewe una uvundo wake, na mende hawaombi ruhusa. Kwenye ghorofa hakuna mjadala: kila bomba la kushushia lazima liendelee hadi juu ya paa na kubaki wazi, na anayeliziba kwa kuwa ndege hujenga humo awe amejiandaa kusikia gulugulu nyumba nzima. Wavu unatosha.

Kuna bomba jeusi au jeupe lenye mikunjo, linalopindika litakavyo, na maduka ya vifaa vya ujenzi yamelijaza kwa sababu ni rahisi na halihitaji vipimo. Watu hulizungusha duara moja, wakalifunga kwa kamba au waya, na kusema trapu hiyo. Siku ya kwanza ni trapu. Kisha joto la maji ya moto na uzito wa vyombo vilivyopangwa chini ya sinki hulilegeza, duara hufunguka, na mikunjo hushika mafuta mpaka njia inakuwa nyembamba kama kidole. Sioni sababu ya kulifunga mahali ambapo trapu ngumu inaenea. Wala usijilinde kwa kufunga trapu mbili kwenye bomba moja: hewa hunaswa katikati na maji hukataa kwenda.

Ukimaliza, ziba tundu, jaza sinki mpaka karibu na ukingo, kisha achia yote kwa mkupuo. Pitisha karatasi kavu ya chooni kwenye kila kiungo. Uvujaji usioonekana kwa jicho huilowanisha. Sikiliza mwisho wa maji. Uzi wa kitambaa au fundo la nywele likining'inia kutoka tumboni hadi upande wa pili linaweza pia kunyonya maji polepole kama utambi wa koroboi unavyonyonya mafuta ya taa, na hilo halina sauti. Linatolewa kwa kufungua na kusafisha.

Kinachobaki kuyaondoa maji ni jua na muda. Tundu la sakafuni kwenye chumba cha wageni, sinki la nyumba mliyoifunga kwenda likizo kijijini, bafu la ghorofa isiyopangishwa: humo maji hupanda hewani mpaka yaishe, na katika ukame wa Dodoma huisha mapema kuliko katika unyevu wa Tanga. Kabla ya safari mwaga maji, kisha vijiko viwili vitatu vya mafuta. Mafuta huelea na kuyafunika maji yasipae. Mafuta ya kupikia yanafaa kwa muda mfupi, ila yakikaa sana huchacha.

Wazo hilo la kufunika maji kwa kitu kinachoelea lilikwisha tumika Unguja kwa kazi nyingine. Mbu wa aina ya Culex, wanaoeneza matende, hupenda kuzaana kwenye vyoo vya shimo na makaro yenye maji machafu. Mwishoni mwa miaka ya 1980, kule Makunduchi, watafiti walimwaga kwenye vyoo vya shimo punje nyepesi za plastiki ya povu. Punje zikatanda juu, viluwiluwi vya mbu vikakosa pa kupumulia, na pamoja na dawa za matende walizopewa wakazi, mbu na maambukizi vilipungua sana. Karo lililounganishwa na nyumba yenye trapu kavu linaweza kuwatoa mbu hao moja kwa moja bafuni.

Ingekuwa vyema kuishia hapo, trapu ikiwa shujaa, lakini maji yaliyosimama yana wakazi wake. Mwaka 2017 Amy Mathers na wenzake wa Chuo Kikuu cha Virginia, Marekani, walijenga maabara ya masinki matano yaliyofanana, kwa mfano wa yale ya wodi ya wagonjwa mahututi. Walipanda kwenye trapu bakteria aina ya E. coli wasio na madhara, waliofanywa wang'ae kijani ili waonekane wanakokwenda. Walipolishwa virutubisho, bakteria walitambaa ukutani mwa bomba kwenda juu, sentimita mbili na nusu kwa siku, na baada ya wiki moja hivi wakafika kwenye kichujio cha tundu la sinki. Maji ya bomba hayakuwarusha kutoka chini tumboni; lakini walipokwisha fika kichujioni, mchirizi ulioangukia juu yao uliwatawanya kando ya sinki.

Kwa mtu mwenye afya nyumbani, hilo si la kumnyima usingizi. Hospitalini ni suala zito, kwa kuwa bakteria wa humo huenda ni wale waliozoea dawa. Sinki la wodini linafaa lifungwe ili mchirizi wa koki usiangukie tundu moja kwa moja, na lile la kunawia mikono lisimwagiwe chai iliyobaki, uji wa mgonjwa wala masalio ya dripu, kwa kuwa sukari ya humo ndiyo chakula cha safari yao.